Bei ya Maji

Tsabla, ng'ombe wangu, nipe sikio moja tu,
la pili liache lisikilize theluji ikiteleza paani.
Nimerudi kutoka soko la Khashuri
na gunia moja, na kijiji kizima kinanicheka.

Murmani alikuwa nayo matatu, kayaegemeza ukutani
chini ya mikufu ya jozi zilizochovywa maji ya zabibu:
machicha ya bia, kilo hamsini, lari kumi;
pumba za ngano, kilo ishirini na tano, lari ishirini;
mashudu ya alizeti, kilo arobaini, lari arobaini na nane.
"Zhuzhuna," akasema, "hili la kumi ni zawadi.
Tetri ishirini kwa kilo! Utapata wapi tena?"

Na kweli, marehemu Otia angelibeba hilohilo.
Yeye alipima kwa mgongo:
gunia likimkunja kiuno, basi ni mali.
Miaka kumi na tisa tulilisha hivyo,
na wewe, na mama yako kabla yako,
mkatupa maziwa ya kutilia chai.

Mimi nikatia mkono. Nikaminya.
Maji yakanichuruzika hadi kwenye kiwiko.

Kuuziwa mbuzi kwenye gunia nimewahi kusikia;
kuuziwa mto Mtkvari, hilo jipya.

Nikatoa daftari la Ramazi, mjukuu,
lenye roketi kwenye jalada,
nikakalia ndoo iliyopinduliwa, nikagawanya.
Machicha: katika kilo hamsini, arobaini ni maji.
Kumi zilizobaki, robo yake ndiyo protini:
mbili na nusu. Ongeza lari tano za lori,
maana basi letu hupakia bure gunia kavu tu,
linalovuja dereva halitaki hata kuliona.
Kumi na tano, gawanya kwa mbili na nusu: sita.
Lari sita kwa kilo ya kile unachokihitaji hasa.
Pumba: gunia zima lina protini kilo nne.
Ishirini kwa nne, tano.
Mashudu: kilo kumi na mbili. Arobaini na nane kwa kumi na mbili,
nikarudia, penseli butu, vidole vimeganda,
nikarudia tena.
Nne.

Foleni yote imepinduka, Tsabla!
Wa mwisho kawa wa kwanza, na zawadi ya Murmani
imekwenda kusimama nyuma, inachuruzika.
Haba na haba hujaza kibaba, tumeambiwa tangu utoto;
hakuna aliyeniambia nichungulie
kibaba kimejazwa nini.

Tsiala alikuwa ugoni, mikono kiunoni:
"Arobaini na nane kwa ng'ombe mmoja?
Mjane kapata urithi?"
Ningemwonyesha daftari, lakini mikono ilikuwa na gunia.

Na wewe sasa! Unayanusa mashudu,
unageuza shingo kama bibi harusi aliyeletwa kwa nguvu.
Lari nne, wewe! Nne!
Haya. Konzi moja ya pumba juu yake,
za mwaka jana, zilizobaki kwenye kopo.
Hiyo sikuiandika popote. Kula.

Sasa unatafuna, na maziwa yanalia ndani ya ndoo,
membamba bado; nitayapima wiki ijayo, lita kwa lita,
nisijidanganye kwa sababu tu hesabu ilikuwa nzuri.

Kuna nyingine inanisumbua.
Lori lilishusha barabarani. Mlima aliupanda yeye.
Kilo arobaini za maji kila gunia,
kila Jumamosi ya majira ya baridi, kwa miaka kumi na tisa,
juu ya mgongo ule ambao mwishowe
haukuweza hata kugeuka kitandani.

Daftari bado lina kurasa.
Penseli nimeiacha dirishani.